Dakika Nne za Kuzurura

Juzi mpwa wangu alikuta simu yangu ya zamani kwenye boksi la viatu, akaichaji, akaona ina filamu. Ya dakika nne, haina hadithi wala maneno. Kijana wa miaka kumi na saba anatembea tu, kakunja uso: anapita kwenye kelele za gereji za mtaa wa Ngarenaro, mjini, anapanda mpaka migombani, mlima Meru umejifunika mawingu, anakaa juu ya jiwe. Huyo, ndugu yangu, ndiye mimi.

Likizo ile mimi na kijana wa jirani tuliamini dunia haituelewi. Kumbe hata sisi hatukujielewa. Tulijiita wasanii, tukakwepa kuchuma kahawa, tukazurura kutwa tukirekodi filamu ya kijana asiye na mtu.

Shida ilikuwa bibi. Nilikuwa nakaa kwake, kule mlimani, na kila tukianza kurekodi anatokea na bakuli la loshoro, mahindi na ndizi zilizopondwa kwenye mtindi. "Mjukuu wangu, umekula?"

Mwenzangu akanung'unika, "Oya, mpweke gani analetewa loshoro?"

Siku moja bibi alituambia tusubiri. Akaingia ndani, akatoka na gauni lake la kanisani na kitambaa cheupe kichwani. Akasimama mbele ya simu, wima, mikono ubavuni, hapepesi jicho. Alidhani anapigwa picha. Tulicheka mpaka simu ikatikisika. Mwishowe akauliza taratibu, "Tayari? Nimetoka vizuri?"

"Umetoka vizuri, bibi."

Siku ileile simu ikajaa. Nikamfuta, nipate nafasi ya kurekodi miguu yangu ikipanda kilima.

Bibi alifariki kabla sijamaliza shule. Juu ya jeneza tuliweka picha ya kitambulisho, iliyokuzwa mpaka uso wake ukawa ukungu. Wanasema majuto ni mjukuu. Basi mjukuu mwenyewe ni mimi, na inaniuma mpaka leo. Shamba lake nalo liliuzwa. Penye kahawa pamejengwa nyumba za kupanga, na sauti yake hakuna anayeweza kuiiga.

Filamu ilipoisha mpwa wangu alinitazama kwa huruma.

"Pole, mjomba. Kumbe hukuwa na mtu?"

"Nilikuwa naye," nikamwambia.

Akanipa simu nimwoneshe.