Kipa wa Kihispania alikuwa anatupigia kelele "mia", na sisi hatukumpisha

Wakuu, salamu kutoka Muscat, ambako miezi hii ya baridi mtu anaweza kushusha kioo cha gari bila kujilaani.

Nina stori ya mpira. Imetokea, mimi nilikuwemo uwanjani, na atakayeona naongeza chumvi namkaribisha nyumbani Ansab. Mama yangu atamsimulia mwenyewe, na chakula atakula.

Niwape picha kwanza.

Mimi ni Muomani, wazee wangu walirudi kutoka Unguja, kwa hiyo nyumbani kwetu Kiswahili na Kiarabu vinakaa sahani moja. Mchana nafanya kazi ya bima kwenye ofisi moja kule Ruwi. Jioni ni beki wa kati wa klabu ndogo ambayo jina lake nabaki nalo moyoni, maana viongozi wetu nao wanashinda mitandaoni.

Huku wachezaji wengi tuko hivyo, kazi mchana, mpira jioni. Professional wa kweli ni wale wa kigeni, na nafasi zao ni chache. Kila klabu nafasi hizo inawapa mastraika. Sisi msimu huu moja tukampa golikipa.

Kelele zilizopigwa, acheni tu.

Kipa mwenyewe ni Mhispania, tumwite Manolo. Mrefu hasa, ndevu zimeingia mvi, umri umeshavuka thelathini na tano. Tulipomtafuta mtandaoni tukakuta amepita klabu kadhaa za kwao, mpaka ya ligi kuu. Tukasema hapa tumelamba dume.

Baadaye ndiyo tukaielewa vizuri hiyo CV. Ligi kuu alikuwepo kweli, kwenye benchi. Kipa namba tatu, akibahatika namba mbili. Akashuka daraja, benchi. Akatolewa kwa mkopo, kule nako akakuta kijana ndiyo kwanza anang'ara, benchi tena. Mechi chache za kombe alizopewa anazikumbuka moja moja, mpaka hali ya hewa ya siku ile.

Kwa msiojua maisha ya kipa wa akiba, straika wa akiba angalau huingiaga dakika za mwisho. Kipa wa akiba anavaa glavu, anapasha misuli, anarudi kukaa. Anasubiri mwenzake aumie, na mtu mwenye roho safi hawezi kumuombea mwenzake hilo.

Muscat ndiyo mara ya kwanza maishani mwake kuwa namba moja. Ulaya hakuna aliyekuwa anamtaka tena.

Sasa twende uwanjani.

Mazoezini jamaa alikuwa moto. Kiingereza chake cha kuungaunga, lakini akitoka golini anaita "keeper!", sisi tunampisha, anadaka. Shwari kabisa.

Mechi ya kwanza ikaja krosi moja mbaya. Mpira uko juu, mimi niko chini yake, nyuma yangu nasikia mtu kapasua koo: "Mia!"

Wakuu, mia naijua. Kwa Kiswahili mia ni mia. Kwa Kiarabu ni hiyohiyo, na hapa Oman ukimuuliza mtu hali atakujibu "miya miya", yaani mambo safi, asilimia mia. Kwa hiyo nikaelewa kipa ananiambia uko vizuri, cheza. Nikaruka kwa raha zangu.

Na yeye akaruka.

Ngumi yake ikakutana na kichwa changu, mpira ukatupita wote, straika wao akausukuma wavuni huku anacheka.

Nikawa najiuliza, huyu ni mtu wa aina gani, anakusifia halafu anakutwanga ngumi? Yeye naye, kumbe, alikuwa anajiuliza huyu ni beki wa aina gani, anaambiwa na hasikii. Kila mtu akanuna kivyake.

Mechi iliyofuata yakamkuta beki mwenzangu, mambo yaleyale, "mia!" na watu kugongana. Ya baada ya hapo yakanirudia mimi. Safari hii niliuwahi mpira kwa kichwa, nikautumbukiza golini kwetu. Bao safi sana, bahati mbaya upande siyo.

Mashabiki wetu ni wachache, na hiyo ndiyo mbaya zaidi. Kila tusi linasikika, na sauti ya mwenyewe unaitambua.

Viongozi wakakaa kikao. Kocha wetu, Mtunisi mmoja mpole, akatuletea jibu. Manolo anapewa mechi moja. Ikiharibika, dirisha la usajili la Januari likifunguliwa anaondoka, nafasi yake anapewa straika.

Siku hiyo nilimpa lifti, yeye anakaa Ghubra na mimi ni njia yangu. Tulipofika mlangoni kwake akasema:

"Wakiniacha sasa, basi. Nani atamchukua kipa wa umri wangu aliyeachwa katikati ya msimu? Nitarudi nyumbani na wote watasema, kumbe ndiyo maana alikuwa benchi."

Nilimhurumia kweli, ingawa kichwa bado kilikuwa kinagonga kwa ile ngumi.

Nikamsimulia mama. Mama mpira haumhusu hata kidogo, yeye alichosikia ni kimoja tu.

"Mtu yuko peke yake kwenye nchi ya watu, Ijumaa anakula wapi? Mlete."

Ijumaa baada ya sala nikamleta. Mama akamtazama kuanzia miguuni, akapanda taratibu mpaka juu. "Mwanangu, mnara huu umeutoa wapi?" Basi kuanzia hapo jina lake nyumbani kwetu ni Mnara.

Tukakaa chini, pilau, kachumbari, sambusa za nyama. Mgeni alianza kwa aibu, halafu aibu ikaisha, nyinyi mnajua sambusa za mama zenu. Mwisho kwenye sahani ikabaki moja. Mimi na yeye tukapeleka mikono kwa pamoja. Yeye kwa utani akaifunika kwa lile ganja lake lote la mkono, akapiga kelele:

"Mía!"

Mama akageuka. "Mia? Mia ya nini, we Mnara? Tangu asubuhi nnakaanga, mmekula nyote, imesalia moja, naye ataka mia! Khaa! Huyu kwao hawamlishi?"

Nikacheka. Halafu nikaacha kucheka.

Nikamuuliza, "Umesema nini?"

"Mía," akarudia, akijipiga kifuani. "Kwa Kihispania. Mine."

Wakuu! Kumbe muda wote huo, mpira ukiwa hewani, mwenzetu alikuwa anatuambia "wangu, niachieni". Mazoezini kwenye utulivu Kiingereza kilikuwa kinamjia. Kwenye mechi, roho mkononi, ulimi ulikuwa unarudi kwao.

Nikamweleza. Mia kwetu ni nini, kwa Waarabu ni nini, na sisi tulikuwa tunasikia nini. Akafunika uso kwa mikono yote miwili. Akacheka mpaka akalala ubavu. Kisha kicheko kikakata, akakaa, akasema polepole:

"Miaka yote ile kule kwetu neno hili nilikuwa nalisema mazoezini, kwenye mechi ni kwa nadra. Nimekuja huku, nimepata goli langu, nikalisema kwenye mechi, na hakuna hata mmoja aliyeniachia. Nikaanza kuamini kweli si wangu."

Mama akataka atafsiriwe. Nikamtafsiria. Akaichukua ile sambusa akamuwekea kwenye sahani yake.

"Mwambie ale. Na mumfundishe maneno, masikini. Sambusa yangu, mpira wangu. Asiende huko akachanganya akatutia aibu."

Yaani mtu ajira yake iko hatarini, mama anawaza ngeli.

Wiki ile nikawaambia mabeki wenzangu. Beki wetu wa kulia, Mwarabu wa Nizwa asiyejua Kiswahili hata cha kuombea maji, alicheka mpaka akakaa chini. Yeye naye alikuwa anasikia "miya" na kuona mambo safi. Tukakubaliana Manolo aite "wangu". Ndani ya gari nikawa namvizia, namrushia boksi la tishu ghafla, yeye analidaka na kupiga kelele "Wangu!" Kwenye taa za Ghubra jamaa wa gari la pembeni alipandisha kioo chake.

Siku ya mechi ikafika.

Tulipata bao mapema, halafu tukarudi nyuma kulilinda, na kulinda huko ndiko kunakozeesha watu. Krosi za mwanzo Manolo aliita "wangu!" vizuri kabisa, tukampisha, akadaka. Mama angempa alama zote.

Dakika za mwisho wakapata kona. Kipa wao naye akapanda. Mpira ukaja juu, umejaa, na mimi niko chini yake kwa mara nyingine. Nikawa nasubiri kusikia "wangu".

Nikasikia "Mía!"

Ulimi ulikuwa umerudi kwao tena. Miguu yangu yote ilitaka kuruka, maana ni neno nililolizoea kwa maana nyingine tangu sijaota meno. Nikajikunja chini. Nilipita chini ya kifua cha straika wao, nikaona buti, nikaona nyasi, na juu yangu nikasikia ule mlio wa mpira kuingia kwenye glavu.

Nilipogeuka alikuwa amelala juu ya mpira, ameukumbatia, na watu wamemrundikia. Macho amefumba. Alipoyafumbua akaniona, akacheka, akasema taratibu, "Wangu."

Nikamjibu, "Wako."

Filimbi ikalia. Manolo alibaki kwenye boksi lake, mikono kiunoni, anaangalia goli. Hakuna aliyemharakisha.

Januari imekuja na imepita. Straika hakuletwa.

Nilichojifunza ni hiki. Kama Manolo angepiga kelele neno geni kabisa, siku ileile ningemfuata nimuulize, we bwana unasema nini? Lakini alitamka neno ninalolijua, na kwa kuwa nalijua, sikuuliza. Mtu nusura apoteze kazi aliyoisubiri maisha yake yote kwa sababu mimi nilikuwa nina uhakika. Siku hizi nikiona nimemwelewa mtu upesi mno, namuuliza mara ya pili.

Haya, uwanja wenu. Nani mwingine neno la kawaida kabisa lilishamgombanisha na mtu? Tiririkeni. Ila ubishi wa timu za Kariakoo una nyuzi zake, huku msiulete.

Mimi nawahi kulala, kesho tuna mechi. Golini yuko yuleyule.