Bunduki Isiyopiga Kelele

Mwenye duka la vitu vya watoto alidhani anamjua mteja wa aina hii: mama anayeuliza bei kwanza, anaguna, kisha ananunua puto. Kwa hiyo mwanamke huyu alipoomba kuonyeshwa bunduki za kuchezea, zile za vishale vya sponji, halafu akafumba macho, muuzaji alijikuta anatazama mlango ulipo.

"Piga," mwanamke alisema.

"Nipige nini, mama?"

"Ukuta. Mimi nasikiliza tu."

Alikuwa fundi wa nguo, na bajeti yake ilikuwa ujira wa gauni moja, ukitoa zipu na bitana. Muuzaji alianza na ile ya betri, kama wanavyoanza wauzaji wote na kile usichokiweza. Ilinguruma. Fundi akatikisa kichwa bila kufumbua macho. Ya pili ilikuwa ya kuvuta nyuma na kuachia: kaa! Mkoba ukamdondoka fundi.

"Hiyo hata ukinipa bure."

"Lakini mama, watoto wanapenda mlio. Bunduki bila mlio ni bomba."

"Basi niuzie bomba."

Hakuwa anatania. Nyumbani kwake kulikuwa na kaka yake, ambaye binti yake alimwita Mjomba, na kwa kuwa hakuna aliyekuwa na hamu ya kumfahamu zaidi, jengo zima nalo likamwita Mjomba. Alirudi kutoka vitani miaka miwili iliyopita, vita ambavyo kwa mujibu wa redio vilikuwa vimekwisha. Mwezi wa kwanza, tairi la lori lilipasuka chini barabarani. Watu walipomaliza kuucheka mshtuko wao, fundi bomba wa jirani alikuwa chali kwenye korido, koo lake likiwa mikononi mwa Mjomba. Ilibidi watu wanne wambandue. Fundi bomba alipona, ila tangu siku hiyo huongea kama anayenong'ona siri, na hana siri yoyote.

Tangu hapo nyumba ilifunga mdomo. Bawaba zilitiwa mafuta ya cherehani. Cherehani yenyewe ilikalia blanketi. Vifuniko vya sufuria viliwekwa juu ya kitambaa, kama watoto wachanga. Kila fundi alipozima taa aliwaza jambo moja tu: koo litakalofuata ni la nani. Ndani ya nyumba makoo yalikuwa mawili, na moja lilikuwa la mtoto wa miaka tisa.

Mtoto huyo, waliyemwita Sisimizi kwa sababu hatulii, alikuwa ameomba kitu kimoja. Watoto wote wa jengo walikuwa na bunduki za sponji, na yeye pekee hakuwa nayo. "Mama, kila siku mimi ndiye ninayekufa," alilalamika. Mama gani atasikia hilo akae kimya?

Bunduki ya tatu ilikuwa ndogo, ya kijani, ya kuvuta kwa mpira kama manati. Ilisema *fyu*, kama mtu anayepuliza chai. Fundi akaomba redio ya duka izimwe, akasikiliza tena, akaridhika. Tena ilikuwa ya bei ya chini kuliko zote, maana hakuna mtoto aliyewahi kuitaka. Wahenga walisema rahisi ni ghali, lakini wahenga hawakuwa wananunua kwa ujira wa gauni moja.

Aliwakuta nyumbani alasiri, Mjomba kwenye kiti chake, mgongo ukutani, akishona vifungo. Vifungo vya Mjomba havikung'oka kamwe. Wateja walivisifu bila kujua wanamsifu nani.

"Mbona hailii?" Sisimizi aliuliza.

"Inalia kwa adabu. Na usimlenge mtu. Kabati tu."

"Sasa nikimpiga mtu atajuaje kama amekufa?"

"Utamwambia."

Sisimizi akalenga kabati, akaachia. Kishale kiligonga ubao bila sauti, kikapinda njia, kikatua kwenye paja la Mjomba, kati ya vifungo viwili.

Fundi alijiandaa kwa ukelele. Haukuja. Mjomba alikiokota kile kishale, akakigeuza, akatazama dirisha, kisha ukuta.

"Hii haikulia," alisema.

"Ni ya kuchezea, kaka. Sponji tu."

"Haikulia, dada." Sauti yake ilikuwa ya upole. "Inayolia unajua iko wapi. Unalala chini, inapita, unaishi. Wenzangu waliondoka kwa zisizolia."

Miaka miwili nyumba nzima ilikuwa imenyamaza kwa ajili yake, na hakuna hata mmoja aliyewahi kumuuliza kama ukimya unamfaa.

Mjomba alisimama. Alivuta pazia, akafunga mlango kwa ufunguo, na bawaba, kwa jinsi zilivyotunzwa, hazikusema neno. "Shukeni chini. Chini ya meza." Walishuka. Ilikuwa amri ya mtu anayejua kazi yake. Kisha akachukua mkasi mkubwa wa kukatia vitambaa, akajibanza nyuma ya mlango.

Hapo ndipo sauti ya mwanamke ilipopanda kutoka chini ya ngazi. "Fundi! Nimefuata gauni langu!"

Alikuwa karani wa posta, mwenye harusi ya mdogo wake kesho yake. Gauni lilikuwa tayari, limepigwa pasi tangu asubuhi.

"Halijaisha!" fundi alipaza sauti kutoka chini ya meza. "Njoo kesho!"

Karani akacheka. "Kesho yenu mafundi naijua! Leo natoka nalo hata likiwa na mkono mmoja!" Na hatua zikaanza kupanda.

"Mmoja," Mjomba alinong'ona. "Mzito."

Fundi akaona kilichobaki: mgeni asikike alipo. "Basi panda unaongea!" alipiga kelele. "Usinyamaze! Nitukane ukitaka!"

Ombi kama hilo karani hakuwahi kulipata maishani. Alilitimiza kwa moyo wote: akaanza na uongo wa mafundi, akapitia ngazi zisizo na taa, akafika kwenye cherehani iliyomkalisha miezi miwili. Kila alivyokaribia, mkasi ulishuka kidogo. Lakini karani alikuwa mnene, na ghorofa zilikuwa tatu. Kwenye kona ya mwisho akanyamaza, avute pumzi.

Mkasi ukapanda.

Fundi alimsukumia Sisimizi ndani zaidi ya meza, akainuka, akapita mbele ya kaka yake, akageuza ufunguo. Alifungua mlango akiwa amempa Mjomba mgongo. Kati ya mabega yake alihisi ncha ya chuma, baridi, ikipenya kitambaa cha blauzi. Haikusukuma. Wala haikuondoka.

Karani alikuwa ameshika ukuta, anahema. Alimtazama fundi usoni, na hasira ikamwishia.

"We fundi, una nini?"

"Sina kitu. Ongea, dada," alisema fundi bila kusogea. "Gauni lile la kwanza nililokushonea lilikubana wapi?"

Karani alisita. Kisha, kwa kuwa ameulizwa, akaanza na mabega.