Aliyeita Mara Moja

Miaka tisa Nehemiah alitengeneza filamu za kutisha pale Garsen, na ukimuuliza mtu sokoni habari zake atakwambia, aah, yule fundi wa simu. Simu alitengeneza, kweli, apate ugali. Filamu alizionyesha kwa siri ndani ya stoo ya mpunga, shuka ukutani, mlango umefungwa, watazamaji kumi na wawili wakivuja jasho. Na filamu zenyewe, loo! Hamna jini, hamna damu. Katika ile aliyoipenda kuliko zote, simu imelazwa ndani ya mtumbwi ikitazama mbingu dakika ishirini nzima, maji ya mto Tana yanaubeba, kisha sauti ya mwanamke inaita, "Kakaa!" Mara moja tu. Basi wanaume wazima walipiga mayowe, maana kwao kila mtoto hufundishwa: ukiitwa mara moja mtoni, usiitike. Ngoja ya pili. Kisicho mtu hakirudii.

Sauti ile ilikuwa ya Asenath, mdogo wake wa tumbo moja.

Mwaka huu Nehemiah alichoka kujificha. Ukumbi wa mji ulikubali kuonyesha filamu ile hadharani, jina lake mlangoni, mradi wazee wa kanisa waambiwe kwanza sauti ni ya nani. Asenath akamshika mkono. "Kaka, usiwe na wasiwasi. Jumapili nitasimama mwenyewe niwaambie ni mimi, tulikuwa tunaigiza tu."

Jumapili akasimama. Benchi la mbele walikaa watu wa kijiji cha Ngao waliokuja kumposa. Akawatazama, akaona heri kuonewa huruma kuliko kuitwa mwigizaji wa mashetani.

"Sauti ile si yangu," alisema. "Kaka akiwasha simu, kitu huniingia. Niombeeni."

Jamani! Msichana aliyerudia neno lile mara arobaini, kaka mtu akimchemshia tangawizi koo lisikauke! Nehemiah aliinuka aseme ukweli, lakini kanisa zima lilishapaza maombi, na mikono ikamkandamiza mabega ikimkemea shetani. Ukumbi ukamfungia mlango. Hilo angelivumilia. Kilichomchoma ni kwamba jasho lake la miaka tisa, dada yake mwenyewe alisema ni kazi ya pepo.

Asenath akaolewa Ngao. Miezi ikapita, hata siku moja adhuhuri Nehemiah akamwona kupitia ufa wa mlango, amesimama uani, amekonda, kuku wa kuombea radhi kwapani.

"Kaka!" aliita. Sauti ileile.

Alitamani kuitika. Alimpenda bado, na hilo lilimkera zaidi. Akashika komeo, akanyamaza. Aite tena tu, aliapa moyoni, nitafungua.

Asenath aliuelewa ukimya ule: kaka alingoja mwito wa pili, kana kwamba yeye si mtu. Akamfunga kuku miguu, akamweka kizingitini, akaenda zake bila kuita tena.