Fundi Masikio na Gari la Shemeji

Fundi Masikio hakuwa na masikio makubwa. Jina alilipata kwa sababu ya tabia yake ya kusikiliza injini kwa bisibisi ndefu. Ncha anaiweka juu ya chuma, mpini anaubana sikioni, anafumba macho, na hapo ole wako ukimsemesha. Akimaliza anakutajia ugonjwa, na mara tisa katika kumi anapatia. Mara ya kumi anamlaumu mwenye gari.

Na wenye magari, jamani, walikuwa wamemchosha. Si wote. Mwenye lori anajua lori lake linakula nini. Mwenye teksi analeta kosa likiwa bado dogo, maana ndilo gari linalomlisha. Waliomtia mvi ni hawa wa magari ya kifahari ya mkono wa tatu. Mtu ananunua saluni yenye miaka kumi na mbili, viti vya ngozi, dashibodi ya mbao, kioo kinashuka kwa kidole kimoja, basi anajiona kaukata. Hajiulizi aliyemuuzia alikuwa anakimbia nini. Gari la namna hiyo oili yake ni ya aina moja tu, maji ya rejeta si ya bombani, na sensa moja ikifa injini nzima inanuna. Ukimweleza mwenyewe hivyo, anakutazama kama umemtukania mama.

Kikulacho ki nguoni mwako. Katika wote hao, aliyemkosesha usingizi kabisa alikuwa shemeji yake, kaka wa mkewe.

Shemeji alikuwa mwalimu mkuu mstaafu, na mtaa mzima ulikuwa bado unamwita Mwalimu Mkuu. Siku alipostaafu alijinunulia gari la saluni, refu, jeusi, linalong'aa hata mvua ikinyesha. Alilifuta kwa kitambaa cha miwani asubuhi, akalifuta tena jioni. Nje, yaani. Ndani ya boneti hakutaka mtu aguse, kwa kuwa gari la heshima, kwa maelezo yake, haliharibiki ovyo kama ya akina sisi. Zaidi ya hayo alikuwa na kitabu cha gari, na kile kitabu alikisoma kama anayejiandaa kwa mtihani.

"Kitabu kinasema oili ibadilishwe kila kilomita elfu kumi na tano," alimwambia Masikio siku moja pale gereji, kidole kikiwa kwenye mstari alioupigia wino mwekundu.

"Kitabu kiliandikwa gari likiwa jipya, shemeji. Sasa ni zee. Na walioandika barabara zao hazina vumbi hili."

"Kwa hiyo wewe unajua kuliko waliolitengeneza."

Masikio alijifuta mikono, akarudi kwenye lori la watu, akanung'unika peke yake mpaka saa ya chakula. Kunung'unika alikujua. Alinung'unika juu ya vumbi, juu ya maji ya bombani, juu ya sensa, juu ya petroli iliyochakachuliwa. Mkewe alikuwa akisema kwamba mume wake asiponung'unika siku nzima ni wa kupelekwa hospitali.

Mwezi wa tatu gari likaanza kulia. Asubuhi likiwashwa, injini ilitoa mkwaruzo wa cheni kwa muda wa kuhesabu moja mpaka tano, kisha ikatulia. Masikio aliweka bisibisi, akafumba macho, na safari hiyo hakuhitaji hata nusu dakika. Ni cheni ya taimingi, ile inayozungusha sehemu ya juu ya injini kwa mwendo mmoja na ya chini. Imelegea. Ikiruka meno, valvu zinagongana na pistoni, na mwenye gari anabaki na chuma chakavu chenye viti vya ngozi.

"Tuifungue injini, tubadilishe cheni na kikazio chake," alisema. "Wiki mbili gari likae kwangu."

"Wiki mbili? Watu wataniona natembea kwa miguu, watasema nini? Wewe ondoa huo mlio tu."

Tangu siku hiyo Masikio hakupumua. Shemeji alipita gereji asubuhi akienda sokoni, akapita mchana akitoka. Mlio utaondoka lini? Fundi gani huyu anashindwa na kelele? Mbele ya wateja alisema, kwa ile sauti ya kusimamisha watoto mstarini, kwamba dada yake aliolewa na fundi wa malori na pengine magari ya watu wazima yamemzidi. Alisema hivyo kwa wiki tano, Jumapili ndipo alipopumzika.

Jumamosi moja uvumilivu ukamwisha. Masikio alilichukua lile gari, akamwaga oili iliyokuwemo, akachukua dumu la oili nzito ya malori ya zamani, akajaza. Kila fundi anaujua ujanja huo, na madalali wa magari wanaujua zaidi. Oili nzito inatanda kwenye vyuma vilivyolegea, mlio unakufa, mteja anacheka. Lakini kikazio cha cheni kinasukumwa na oili, na katika injini yenye njia nyembamba kama ile, oili nzito inachelewa kufika kila asubuhi. Ugonjwa unaendelea kula kimya kimya. Masikio mwenyewe alishawahi kumfukuza fundi msaidizi kwa kosa hilohilo.

Shemeji akaja akawasha. Kimya. Akazima, akawasha tena, akasikiliza, kisha akamshika Masikio begani mbele ya watu wote.

"Shemeji, leo umepata mia kwa mia."

Miaka ishirini na miwili ya ukwe, na hilo ndilo lilikuwa neno la kwanza zuri kutoka kinywani mwake. Masikio alikusudia kumwambia ukweli wiki ile. Ikapita. Akakusudia wiki iliyofuata. Ikawa kila wakikutana shemeji anamsifu kwa watu, na yeye Masikio, mtu aliyenung'unikia mpaka upepo, akawa anatazama viatu vyake.

Mambo yangeendelea hivyo, lakini kulikuwa na macho ya mama mkwe. Bibi huyo aliishi nyumbani kwa Mwalimu Mkuu. Mtoto wa jicho alikuwa amekwisha kulifunga jicho moja, na la pili lilikuwa linaona vivuli. Alisubiri zamu ya upasuaji katika hospitali ya macho ya mji mkubwa kwa miezi minane. Zamu ikafika, siku ya Alhamisi, saa tatu asubuhi, mwendo wa saa mbili na nusu kwa gari. Wale watu wa hospitali walisema wazi kwenye simu kwamba atakayeitwa asiwepo anarudi mwisho wa foleni. Miezi minane mingine, na daktari alishasema jicho lile la vivuli halina miezi minane.

Jumatano mchana Masikio alipita kumjulia hali mkwewe. Alimkuta shemeji sebuleni anapiga pasi suti. Bahasha ya vyeti vya hospitali ilikuwa mezani, juu ya mkoba wake wa ngozi.

"Kesho saa kumi na mbili kamili tunaondoka," shemeji alisema. "Mama atakaa kiti cha nyuma. Kile kiti hata usingizi atapata."

Masikio akadakia. "Tumpeleke kwa pikapu yangu."

"Mama yangu? Kwenye pikapu inayonuka grisi?"

"Inafika."

"Na langu halifiki? Si wewe mwenyewe uliyelitibu?"

Mkewe Masikio, aliyekuwa anakunja nguo za mama yake, alimtazama mumewe. Alimjua. "Baba watoto, gari lina nini?"

Basi akasema. Alisema vibaya, kwa hasira, hasira yenyewe ikiwa ya kujichukia. "Sikulitibu. Nililiwekea oili nzito linyamaze. Cheni imelegea vilevile, na sasa imelegea zaidi."

Shemeji aliweka pasi wima, akacheka. "Wivu huo, shemeji. Tangu ninunue hili gari hujalisema jema. Ilikuwa vumbi, ikawa maji, ikawa sensa, leo oili. Kesho utaniambia hata tairi zina roho mbaya. Siku moja tu ulifanya kazi nzuri, na hiyo nayo unataka kuikana."

Masikio angeapa kwa lipi? Alikuwa amelalamika mwaka mzima, na la leo lilifanana na ya jana. Alitamani kuitupa ile pasi dirishani.

Mama mkwe alikuwa kwenye kiti chake karibu na mlango, mikono mapajani. "Mwanangu," alisema, akigeuza uso upande wa Masikio, "gari la kaka yenu litanifikisha kesho?"

"Sijui, mama. Laweza kufika. Laweza kufia njiani pia."

"Na lako?"

"Langu litafika."

"Basi nitapanda lako."

Shemeji alikunja suruali ya suti kwa mikunjo ileile, akaitia kwenye hanga, akatoka nje. Walimsikia anafuta gari.

Asubuhi alikuwa tayari kabla yao, suti, tai, mkoba. Atatangulia na gari lake, alisema, awapokee hospitali, na vyeti atakuwa navyo yeye kwa kuwa yeye ndiye anayejua mpangilio wake. Mkewe Masikio alianza kusema kitu, mama yake akamgusa mkono. Wakapanda pikapu, mama katikati, binti yake mlangoni, na kwa karibu saa mbili walifuata taa mbili nyekundu za gari lile zuri. Masikio alisonya njia nzima. Alilisonya gari, akamsonya mwenye gari, na kati ya miji miwili alijisonya mwenyewe, mkewe akamwambia anamkera mama.

Kwenye mlima, kilomita arobaini kabla ya mji, taa zile zikaingia pembeni ya barabara. Gari lilikuwa limesimama lenyewe. Masikio alisimamisha pikapu nyuma yake akashuka. Shemeji alikuwa bado anazungusha ufunguo, na starta ilizunguka kwa wepesi, upesi mno, kama kitu ambacho ndani yake hakikutani na chochote. Hakuhitaji bisibisi.

"Acha, shemeji. Usijaribu tena. Imeruka."

"Jaribu wewe."

"Imeruka. Lete vyeti, saa mbili inakaribia."

Shemeji alitoa bahasha mkobani akaja nayo mpaka dirisha la pikapu. Mama yake akanyoosha mkono hewani, akaipokea, akaiweka mapajani.

"Panda nyuma, mwanangu," alisema. "Twende wote."

Mwalimu Mkuu alitazama nyuma ya pikapu, palipokuwa na jeki, kamba na dumu tupu. Akatazama gari lake. "Siwezi kuliacha hapa peke yake, mama. Watalifungua."

Malori mawili yalipita. "Haya," bibi alisema. "Endesha, baba."

Masikio aliendesha. Katika kioo alimwona shemeji amesimama na suti yake kando ya gari, akipungua. Ushindi aliokuwa akiutamani mwaka mzima aliupata hapo, akakigeuza kioo pembeni. Walifika saa tatu kasoro dakika nane, na jina la mama mkwe lilikuwa la tatu kuitwa.

Saa kumi na moja jioni walimkuta shemeji palepale. Alikuwa amevua koti, amekaa juu ya mkoba kwenye kivuli cha gari, viatu vyeupe kwa vumbi. Aliinuka upesi, akaenda kwenye dirisha, akamtazama mama yake aliyefungwa bandeji jicho moja.

"Limefanywa?"

"Limefanywa," dada yake akamjibu. "Kesho tunarudi, wanafungua."

Alishika kingo za dirisha kwa muda, kichwa chini. Mama yake akatafuta mkono wake mpaka akaupata. Kisha shemeji akaja nyuma ya pikapu, ambako Masikio alikuwa anatoa kamba ya kuvutia.

"Kweli ilikuwa ile oili," alisema.

"Kweli. Nisamehe, shemeji. Ulikuwa umenichosha."

"Mimi nilikuwa sijui. Mimi ni mwalimu, injini naijulia wapi?" Sauti yake haikuwa ya mstarini. "Wewe ulijua. Umeninung'unikia mchana na jioni kwa mambo madogo yote. Lile moja la kumwua mama yangu barabarani, ukaninyamazia mpaka jana."

Masikio akainama akafunga kamba kwenye ndoano ya gari lile jeusi, akaivuta mara mbili kuhakikisha. Shemeji akaingia, akafunga mlango taratibu, akashika usukani akisubiri kuvutwa.