Nilizidisha Uwezekano, Vifaranga wa Shangazi Wakafa

Kosa ni langu, jamani. Nimeshajaribu kumsingizia kila mtu: mvua, watu wa umeme, muuza mkaa, hadi vifaranga wenyewe kwa kukosa uvumilivu. Haikusaidia. Nimewaua mimi, tena kwa hesabu.

Nina shahada, na takwimu nilisoma. Kazi sina, ila maoni ninayo tele. Pale Bigwa kwa shangazi yangu ninakoishi, hakuna jambo linalopita bila mimi kulihoji. Jirani akitazama mawingu juu ya milima ya Uluguru akasema leo itanyesha, namuuliza ushahidi uko wapi. Shangazi akisema inshallah, namuuliza kwa asilimia ngapi. Raha iliyoje kuishi na mimi!

Shangazi alipopunguzwa kazi kiwandani, akiba yake yote aliiweka kwenye vifaranga. Akawatengea chumba cha uani na taa ya kuwapa joto, maana kifaranga wa siku chache bila joto hana maisha. Umeme ukikatika, unawasha jiko la mkaa. Basi.

Kabla hajaenda msibani Mwembesongo, aliniita.

"Mwanangu, nichukulie gunia la mkaa tuweke ndani."

"La nini, shangazi? Muuza mkaa si anapita kila asubuhi?"

"Asipopita je?"

Weh! Swali hilo nilikuwa nalisubiri tangu nihitimu. Nikachukua kijiti nikachora chini. Umeme hukatika, tuseme, siku moja kati ya kumi. Muuza mkaa naye hukosa kushuka kutoka mlimani, tuseme, siku moja kati ya kumi. Zidisha: vyote viwili pamoja, moja kati ya mia.

"Shangazi, unataka tujaze gunia ndani kwa ajili ya siku moja kati ya mia?"

Akacheka. "Haya, bwana msomi. Mimi nakuamini wewe."

Kaniamini! Hapo ndipo panaponiuma.

Kesho yake mvua ikapiga mlimani tangu alfajiri. Saa nne umeme ukaondoka. Nikatoka barabarani kumsubiri muuza mkaa, nimekunja mikono kama mwenye nchi. Hakuja. Angekujaje? Njia anayoshuka na baiskeli yake ilikuwa utelezi mtupu. Mvua ile ile iliyotukatia umeme ndiyo iliyomzuia yeye.

Nikakimbilia gengeni. Mama muuzaji akanitazama nilivyolowa.

"Mkaa? Umeisha, kaka. Umeme ulipokatika tu wakaukimbilia. Umebaki ule wa nje, umelowa chapa."

"Nipe huo huo."

"Utauwasha kwa maombi?"

Mimi, kwa maombi! Niliupuliza ule mkaa hadi macho yakavimba. Moshi ulipatikana wa kutosha, moto, hapana. Nikawafunika vifaranga kwa kanga za shangazi. Wakarundikana kona moja wakitafutana joto, wa juu wakiwakandamiza wa chini. Kufika alasiri sauti zilikuwa zimepungua. Kisha kimya.

Na ujinga wenyewe naujua vizuri, maana mtihani wake nilifaulu! Kuzidisha vile kunaruhusiwa pale tu ambapo matukio mawili hayahusiani. Sikutakiwa kujiuliza muuza mkaa hukosa siku ngapi. Nilitakiwa kujiuliza: umeme ukiwa tayari umekatika, uwezekano wa yeye kukosa ni kiasi gani? Bigwa, wakati wa masika, ni karibu hakika. Kwa hiyo ile moja kati ya mia yangu kumbe ilikuwa karibu moja kati ya kumi. Nilihoji mawingu, nikahoji dua, nikahoji watu wazima. Hesabu yangu mwenyewe nikaipisha ipite kama mgeni rasmi!

Shangazi aliporudi siku iliyofuata alisimama mlangoni mwa kile chumba. Nikaanza kueleza habari ya mvua. Hakunigombeza, na afadhali angenigombeza.

"Umewaacha humu tangu jana?" aliuliza. "Haya, lete beleshi."

Tukachimba wawili, mimi na shahada yangu.

Wenzangu mnaopenda kuzidisha, kabla hamjazidisha, ulizeni kwanza kama tukio la kwanza likija linalikokota la pili. Na mtu akiwaambia anawaamini, rudieni hesabu tangu mwanzo, kwa sababu yeye hatairudia.

Sasa hivi shangazi anafulia watu nguo Kilakala. Akiwa na jambo la kuamua, anawauliza wengine. Mimi ananiuliza tu kama nimekula.