Picha ya Dada Kwenye Kitambulisho

Dada yangu ni dobi, na nyumba yake aliijenga na marehemu mumewe kwa mashati ya watu. Chumba cha mbele kina meza ya kupigia pasi, uani kamba za kuanikia, na nyuma kuna chumba kimoja alicholala na binti yake wa pekee. Ukiniuliza mimi, hiyo nyumba ilimla mapafu. Mkaa wa pasi, mvuke, mashuka ya hoteli kila alfajiri. Lakini jaribu kumwambia apumzike uone.

Mumewe alipofariki, shemeji yetu, mdogo wake marehemu, akazuka na madai kwamba kiwanja kilikuwa cha ukoo. Dada hakutaka kuvuana nguo mahakamani, akakubali waende kwa mwamuzi wa nje ya mahakama awasuluhishe. Kabla ya kikao cha kwanza akalazwa hospitali, kifua kimembana. Siku aliyotoka alimkuta shemeji chumba cha mbele na fundi, wanapima madirisha.

"Shemeji, mbona unashangaa?" akasema yule asiye na haya. "Si ulikuja mwenyewe kwa mwamuzi tukapatana? Umekubali nyumba iwe yangu, na sahihi umetia."

Dada hakuwahi kukanyaga kwa mwamuzi. Tukakimbilia mahakamani kuomba uamuzi ule ufutwe, kwa kuwa kuna mwanamke aliyejifanya yeye. Mwanasheria wetu hakutupaka mafuta. Alisema uamuzi wa kukubaliana ni mgumu kuvunja: mtu akishasema ameridhika, mahakama haimwulizi mara mbili, labda tuthibitishe utapeli. Nikajua moja kwa moja ni mke wa shemeji. Nilimsema yule mwanamke mtaa mzima mpaka midomo ikakauka.

Binti alifuatana nasi kila kikao, chupa ya maji ya mama yake mkononi, dawa mkobani. Mtoto mpole. Sisi tuliomjua dada ujanani tulikuwa tukimtania kwamba alijizaa mwenyewe: mashavu yale yale, kidoti kile kile kidevuni. Sasa dada amekauka, huwezi kujua tena.

Siku mwamuzi alipoitwa kutoa ushahidi, alipanda kizimbani na suti yake nzito, anajiamini.

"Mheshimiwa, nilimtazama yule mama usoni, nikatazama kitambulisho chake. Picha na mtu ni kitu kimoja."

Jaji akaomba kitambulisho. Akakitazama, akamtazama dada, akakitazama tena.

"Mama, picha hii ulipigwa lini?"

"Kabla sijapata mtoto, Mheshimiwa."

Watu wakacheka. Jaji hakucheka. Akamgeukia mwamuzi. "Aliyekuja ofisini kwako alifanana na picha hii, au na mama huyu aliyekaa hapa?"

Mwamuzi akavua miwani, akaifuta, akaivaa. "Na picha, Mheshimiwa."

"Na mwaka wa kuzaliwa hukuusoma?"

Akakohoa tu. Mwanasheria wetu alinigeukia, meno yote nje. Tumeshinda! Nilikuwa natafuta mkono wa dada niubane, nikaona hanitazami mimi. Anamtazama binti yake. Binti ameinama mpaka paji la uso limegusa magoti, chupa ya maji imeanguka na inavuja sakafuni. Kitambulisho kilikuwa kikikaa chini ya godoro lao wawili.

"Mama," jaji akauliza, "unamfahamu mwanamke yeyote mwenye sura hii?"

Dada akasimama, ameshika benchi.

"Ni mimi, Mheshimiwa."

"Sijakuelewa."

"Niliyekwenda kwa mwamuzi ni mimi. Wakati ule nilikuwa nimenenepa. Niliridhika mwenyewe. Naomba kesi yangu niiondoe."

Mwanasheria alimvuta nguo, dada akautoa mkono wake. Jaji alimwuliza kama anajua anapoteza nyumba. Akasema anajua. Jaji alimkazia macho, kisha akaandika, na shemeji nyuma yetu akashusha pumzi.

Nje kwenye ukumbi nilipasuka. "Una wazimu? Umempa yule mwizi nyumba! Si ungemwacha aliyekuuza afungwe?"

"Afungwe nani?" dada akaniuliza. "Mtaje."

Nikageuka nyuma. Binti alikuwa amekaa sakafuni, ameegemea ukuta, watu wanamruka miguu.

"Baba mdogo alisema hutapona, mama," alisema kwa kwikwi. "Alisema ukishakufa atanifukuza nisipate kitu, bora nikubali anifungulie duka. Na mimi nilikuona pale kitandani, nikaamini."

Nilitaka kumzaba kofi, nasema kweli. Dada akachuchumaa kwa shida, akamfuta kamasi kwa pindo la gauni lake.

"Mimi na baba yako tuliijenga iwe yako," akamwambia. "Ungeningoja tu nife, mwanangu."

Alisema bila hasira yoyote. Mimi nikatoka nje, nikalia barabarani watu wakinipita.