Kitabu Kimoja, Wasomaji Kumi na Wanne

ELISABETHVILLE. Saa kumi na moja jioni, wafanyakazi wakiwa bado wanamiminika kurudi nyumbani katika barabara za mtaa wa Kenya, Godefroid Kalaba anafungua chumba cha kusomea cha chama cha makarani. Anavua koti, anakunja mikono ya shati, anatazama rafu, kisha anasonya.

Rafu ina vitabu thelathini na vitatu. Ishirini ni maisha ya watakatifu. Saba vinafundisha kilimo cha kahawa, ingawa hakuna mwanachama hata mmoja mwenye mche wa kahawa. Sita ni vya hesabu. Katikati pana pengo la upana wa kiganja.

"Kitabu kilikuwa pale pale," anasema akilionyesha pengo hilo. "Sasa tunasoma hewa."

Kalaba ana miaka arobaini na mmoja. Alizaliwa Lukafu, na kwa miaka kumi na sita ameshona na kujalidi vitabu katika kiwanda cha uchapishaji mjini, kwa faranga elfu moja na mia tano kwa mwezi. Kazi ya jioni haina mshahara. Alichaguliwa kwa sababu ndiye pekee aliyejua kutengeneza kitabu kilichochanika, na malipo yake ni kukaa na ufunguo.

Balaa lilianza Januari mwaka huu, kamati inayosimamia vyumba vya kusomea ilipoleta karatasi yenye kichwa cha kupendeza: Vitabu Vinavyopendekezwa kuhusu Historia ya Siasa na Jamii ya Ulaya. Vilitajwa tisa. Makarani walifurahi mno, maana mtihani wa mwezi wa sita, ule wa kupanda daraja la kwanza, utatoka humo. Wakasubiri sanduku la vitabu kama watu wanaosubiri bibi harusi.

Sanduku lilikuja na kitabu kimoja. Vile vinane vingine, barua ilieleza, vinapatikana katika maktaba ya mjini. Kalaba anaifahamu maktaba hiyo. Amejalidi vitabu vyake vingi, ila mlango wake hauingii mtu mweusi.

"Banatuambia tukule," anasema, "halafu banafunga chungu na kifunguo."

Wenye kufanya mtihani walikuwa kumi na wanne, na kitabu kilikuwa na kurasa mia saba. Kila mtu akipewa wiki mbili, wa mwisho angekipata mtihani umeshapita. Walibishana jioni mbili nzima, karibu washikane mashati. Kalaba akachoka kuwasikiliza.

Fundi wa vitabu anajua jambo ambalo msomaji halijui: kitabu kikubwa ni mafungu madogo ya kurasa yaliyoshonwa pamoja. Alichukua wembe, akakata uzi, akapata mafungu kumi na manne. Kila karani alipewa lake, na kila Jumamosi walikutana kubadilishana. Mkewe, Martine, aliposikia alishika kichwa. Alimwambia amechinja ng'ombe wa wenyewe.

Mpango ulikwenda vizuri hadi fungu la tisa lilipofika kwa Paulin Ngosa, karani wa stoo katika kiwanda cha kuyeyusha shaba. Fungu hilo lilieleza habari za wafanyakazi wa Ulaya: vyumba walivyolala, watoto wao waliofanya kazi viwandani, jinsi walivyogoma mpaka wakapata saa nane za kazi, jinsi walivyopata haki ya kupiga kura. Ngosa alilichukua, na likaishia kwake. Jumamosi ya kwanza alisema mtoto ana homa. Ya pili, kalisahau kazini. Ya tatu, mvua.

"Bafalme banarudiaka ku saa," Kalaba analalamika, akimaanisha mafungu ya wafalme na lile la wafanyakazi. "Bantu ba kazi ndiyo habarudi."

Hapo likaja tangazo kwamba mkaguzi wa kamati atapita Alhamisi kuhesabu vitabu. Chumba kitakachokutwa na upungufu kitafungwa. Jumanne, alipotoka kazini, Kalaba alikwenda moja kwa moja kwa Ngosa, ametia nia ya kugombana.

Alimkuta uani, amezungukwa na mafundi sita wa kiwandani. Ngosa alikuwa akisoma mstari kwa Kifaransa na kuueleza kwa Kiswahili, na fundi mmoja, Chola, akiandika kila neno katika daftari. Walikuwa wamebakiza kurasa mbili.

"Tata Kalaba, unisamehe," Ngosa alimwambia. "Hawa Kifaransa hawajui. Waliposikia tu mwanzo wake, hawakuniacha tena."

Kila ukurasa ulikuwa na alama za vidole vya mafuta. Kalaba aliwatukana wote, mmoja baada ya mwingine, kisha akakaa kwenye benchi kungoja kurasa mbili ziishe. Anakiri kwamba walipomaliza aliomba warudie ya mwisho.

Jumatano alishona. Alifuta mafuta kwa makombo ya mkate, akanyoosha kurasa, akaomba kazini mabaki ya ngozi nyekundu, akajalidi upya. Anasema hajawahi kutoa kitabu kizuri namna ile, hata kwa wateja wanaolipa.

Alhamisi mkaguzi alihesabu thelathini na vinne, akaridhika. Akakitoa kile chekundu, akakigeuza mkononi, akauliza ni nani aliyekijalidi. Kalaba alijibu kwa fahari. Mkaguzi akamsifu sana, akasema kitabu kizuri kama hiki kitaharibika mikononi mwa wengi, afadhali kikatunzwe mjini. Akakitia kwapani.

"Miye mwenyewe nilimufungulia mulango," anasema Kalaba, na hapo anapiga meza kwa kiganja. "Alikuwa ananisifu, nami nikamufungulia."

Wiki mbili zimepita. Ameandika barua tatu, na jibu lililokuja ni moja: kitabu kiko salama. Mtihani umebaki wiki tano, na makarani wamekwisha kumlaumu kwa kila neno lenye makali walilojifunza humo.

Lakini kila mmoja wao amesoma mafungu kama kumi, na daftari la Chola lipo. Kwa hiyo kuanzia Jumamosi hii kila karani atakaa na mafundi wa Ngosa, asimulie anachokumbuka, na Chola aandike. Kalaba amenunua madaftari kumi na matatu, moja kwa kila fungu lililobaki. Anakusudia kuyaunganisha yote yawe kitabu kimoja, kwa Kiswahili, kwa yeyote wa Kenya anayetaka kukisoma, mwenye mtihani na asiye nao.

Mwandishi wa habari hizi alimuuliza kama hicho nacho atakivika ngozi nyekundu. Kalaba alimtazama kama mtu aliyeulizwa swali la kitoto.

"Hapana," akasema. "Hiki nitakishona mubaya."